Hakimu Kiboko na Kilio cha Shimoni

Wasikilizaji wangu, nije?

Njoo, tumekaa.

Nije na tamu au nije na chungu?

Njoo na uliyo nayo.

Basi niliyo nayo ni chungu. Wasogezeni watoto karibu, tusije tukaanza kuulizana njiani.

Hapo kale, kale sana, wanyama walipokuwa na serikali yao na binadamu hajaijua njia ya kufika huko, kulikuwa na nyika kubwa yenye bwawa moja tu. Bwawa lilikuwa la Kiboko. Karibu kila mnyama alikunywa hapo, mla nyama na mla majani, na ilikuwa marufuku kuumizana kando ya maji. Wanyama wakasema, huyu anayetulinda tukinywa ndiye atuamue tukigombana. Wakamfanya Kiboko hakimu.

Kiboko alihukumu akiwa ndani ya maji. Macho nje, masikio nje, pua nje, mwili wote chini. Jua la nyika ile lilikuwa kali na ngozi yake haikulipenda. Wenye kesi walikuja ukingoni wakasema, yeye akasikiliza, akaamua.

Na nyika ile ilikuwa na wapelelezi. Wapelelezi walikuwa Mbwa Mwitu, kundi zima, na wote waliitwa kwa jina la mkubwa wao: watu wa Afande. Kazi yao ilikuwa kunusa. Kitu kikipotea, wananusa. Mnyama akiuawa, wananusa. Wakimpata mwenye kosa, wanampeleka bwawani kwa Kiboko.

Sasa, kwenye vichaka vya miiba waliishi digidigi wawili, mke na mume, na mtoto wao mmoja. Mtoto aliitwa Tukutu, maana hakuwa mtoto wa kutulia. Ukimlaza huku unamkuta kule. Mama Tukutu alikuwa akimwambia mumewe, "Baba Tukutu, huyu mtoto siku moja ataniua kwa wasiwasi."

Mumewe alikuwa akicheka. "Muache akimbie. Miguu ndiyo mali yetu sisi."

Asubuhi moja Mama Tukutu aliamka anyonyeshe, akakuta nyasi zimelala na mtoto hayupo. Akaita, "Tukutu." Kimya. Akaita upande wa pili, "Tukutu." Kimya. Akaita mara ya tatu, akaona damu kwenye jani.

Baba Tukutu alikwenda mbio kuwaita wapelelezi. Wakaja. Na niseme haki, siku ile walifanya kazi. Afande aliinamisha pua pale penye damu, akaenda. Akavuka mchanga wa kijito kikavu, nyayo zinaonekana, nene, za mviringo. Akapita kwenye nyasi ndefu, manyoya ya mtoto yamenasa. Mama Tukutu alikuwa nyuma yao hatua kwa hatua, hataki kufika na anataka kufika.

Harufu ikaishia chini ya jabali. Juu ya jabali pana mti, na mti ule ulikuwa nyumba ya Chui.

Chui akashuka, amejilamba, anang'aa. "Karibuni, Afande. Leo kuna nini?"

"Mtoto wa digidigi amepotea. Tunaomba tupande tuangalie kwenye mti wako."

"Mpande kwangu? Mbele ya majirani?" Chui akatazama pande zote. Mapimbi walikuwa wamechungulia kwenye nyufa za jabali. "Ngojeni hapo kidogo. Naenda na kurudi."

Akaenda moja kwa moja bwawani.

"Mheshimiwa Hakimu," akasema, "nimekuja kuomba unilinde. Mbwa Mwitu wako mlangoni kwangu. Wananinusa mbele za watu kama mwizi. Mimi nimezaliwa hapa, baba yangu amezaliwa hapa, na wewe unatujua. Jina langu likishaharibika, nani atalisafisha?"

Kiboko akamuuliza, "Wamekukamata?"

"Hawajanikamata."

"Wamekupiga?"

"Hawajanipiga. Wananinusa."

Hapo, wasikilizaji, hakimu angesema, rudi nyumbani, kunuswa hakuui. Angewaita hata wapelelezi awaulize wamefikaje pale. Hakuwaita. Aliona aibu kwa ajili ya Chui, kwa vile Chui alikuwa anaongea vizuri na walikuwa wanajuana tangu utotoni. Akasema, "Wapelelezi waache hadi nitakapolisikiliza jambo hili vizuri. Asiguse mtu jabali la Chui. Nitaita kesi."

Yangeyange, yule ndege mweupe aliyekuwa karani wake, akaruka kupeleka amri. Mbwa Mwitu wakakaa chini. Mama Tukutu akamwambia Afande, "Mbona mmekaa? Hatua tatu tu mmebakiza."

Afande alikuwa na hasira, lakini alisema, "Mama, amri ya hakimu ni amri."

Mvua ikanyesha. Ikanyesha tena. Kijito kikavu kikajaa maji, nyasi zikaoshwa, jabali likaoshwa. Kesi ilipoitwa, wapelelezi waliinusa nyika nzima wakanusa udongo mbichi tu. Chui alisimama ukingoni akasema, "Mnaona?" Kiboko akafunga jambo lile.

Wanyama walinung'unika. Walinung'unika wakinywa, walinung'unika wakila. Wakasema hakimu amemficha Chui chini ya maji. Maneno yakamfikia Kiboko na yakamchoma. Alikuwa hakimu mwenye haya, na haya mara nyingine humfanya mtu akwepe shimo moja aangukie jingine. Akamwita Yangeyange, akasema, "Tangaza. Kuanzia leo sitagusa kazi ya wapelelezi kabla hawajaileta wenyewe hapa. Wawe wanafanya nini, wanamfanyia nani, sitaingia katikati."

Afande akalisikia tangazo. Akalisikia mara moja, akalifikiria siku nzima.

Wanyama walikuwa bado wanamuuliza kila apitapo, "Nani alimla Tukutu?" Kwa Chui harudi, amefedheheka huko. Na sasa hakuna wa kumtazama anachofanya. Akawaambia watu wake, "Tunahitaji mtu."

Wakaenda vichakani wakamchukua Baba Tukutu.

"Wewe ndiye wa mwisho kuonekana na mtoto," Afande akasema.

"Nilikuwa nimelala na mke wangu."

"Utatueleza vizuri huko tunakokwenda."

Huko kwenyewe kulikuwa shimo la muhanga, refu, jembamba, giza hata mchana. Wakamsukuma ndani, wawili wakakaa mdomoni. Mama Tukutu alifuata akilia, wakamfukuza kwa meno. Akakaa mbali, kwenye kichuguu, anapoweza kusikia.

Alisikia. Kwanza alisikia maswali. Baadaye alisikia kitu kingine.

Akakimbia bwawani. Miguu ya digidigi ni midogo, lakini alifika. Akasimama ukingoni akaimba, maana hakimu alikuwa chini na hivyo ndivyo walivyomwita:

*Hakimu wa majini, toka unisikie,*
*Baba Tukutu shimoni, nani anitolee?*

Maji yakafunguka, macho yakatokea. "Sema, mama."

"Wamemkamata mume wangu. Wanasema amemuua mtoto wake."

"Wanamuuliza tu. Wakimaliza watamleta, na mimi nitamsikiliza. Nenda nyumbani usubiri."

Akaenda akasubiri. Jua lilizama likachomoza, hakuletwa. Akarudi kwenye kichuguu chake, akasikiliza, akakimbia tena.

*Hakimu wa majini, toka unisikie,*
*Baba Tukutu ana kiu, nani anitolee?*

"Nini tena, mama?"

"Hawampi maji. Anaomba maji na wao wanacheka. Nimesikia kwa masikio yangu. Tuma hata Yangeyange akaangalie."

Kiboko alitikisa masikio, matone yakaruka. "Mama, nisikilize na mimi. Niliingia katikati mara moja, kesi ya mtoto wako ikapotelea hapo hapo. Nikiingia tena, wataniambia naficha wauaji. Je, kama kweli mumeo anajua kitu? Waache wamalize."

"Na wakimmaliza yeye?"

Kiboko alianza kushuka majini. Alisema, "Sheria ni kwamba nasubiri," na maji yakafunga.

Mara ya tatu alikuja anachechemea. Alikuwa amejaribu kupita katikati ya miguu ya walinzi, wakamng'ata paja. Damu ilikuwa ikimtiririka hadi kwato.

*Hakimu wa majini, toka unisikie,*
*Baba Tukutu anakwisha, nani anitolee?*

Kiboko alitoa macho, akaiona damu, akatazama pembeni.

"Mheshimiwa," Mama Tukutu akasema, na sasa alikuwa halii, "nimekuja kukuambia jambo moja. Hawamuulizi kilichotokea. Wanamwambia cha kusema. Wanamwambia, sema ulimuua. Akisema sikumuua, wanaanza upya. Huko si kutafuta. Mwenye kutafuta hajui atakachokipata."

Yangeyange alimtazama hakimu. Wanyama waliokuwa wanakunywa waliacha kunywa.

Kiboko alifumba macho. Halafu alizama. Mapovu yakapanda, moja, moja, yakaisha.

Mama Tukutu alisimama pale hadi maji yakawa kioo. Akajiona humo, kidogo, peke yake.

Aliporudi kichuguuni hakukuwa na sauti. Aliinua masikio yote mawili. Akasogea karibu, na safari hii hawakumfukuza. Walikuwa wanamtoa mumewe nje kwa mguu. Macho yalikuwa wazi na yamejaa mchanga. Midomo ilikuwa imepasuka kwa kiu.

"Pole, mama," Afande akasema bila kumtazama. "Amekiri. Alipokiri, aibu ikamuua."

Mama Tukutu alilala chini ubavuni mwa mumewe kama walivyokuwa wakilala kila siku. Alimlamba mchanga machoni. Jicho moja, kisha la pili. Alikaa naye hadi tai walipoanza kuzunguka, ndipo akamfunika kwa matawi ya miiba, akarudi nyumbani akakuta hakuna mtu wa kumwambia amerudi.

Hakukaa huko. Mjane yule alikwenda penye wanyama. Kila alipokuta kundi, alisimama akasema, "Mume wangu hakukiri. Nilikuwa nje, nilisikia hadi mwisho. Neno la mwisho alisema 'sikumuua', halafu akaniita jina." Akawaambia pundamilia. Akawaambia nyumbu. Akawaambia twiga. Hakuongeza neno na hakupunguza.

Wanyama wakaanza tena kumtazama Afande vibaya. Afande akawaambia watu wake, "Huyu naye alikuwepo siku mtoto alipopotea. Walikuwa wawili."

Wakamchukua mchana, mbele ya kundi zima la nyumbu. Nyumbu wakainamisha vichwa wakaendelea kula.

Shimo lile lilikuwa bado na harufu ya mumewe. Mama Tukutu alisukumwa humo, akapapasa ukuta kwa pua, akapakuta mahali mumewe alipokuwa akijikuna. Akalala hapo.

Afande alichuchumaa mdomoni mwa shimo. "Sema mlimuua mtoto."

"Hatukumuua."

"Sema mlimuua, utoke unywe maji."

"Hatukumuua."

Wakaingia kumng'ata. Wakatoka. Wakaingia tena. Mama Tukutu alijaribu kuikumbuka sura ya Tukutu, akaikosa, na hilo lilimuuma kuliko meno. Alifikiri, nikisema tu, yataisha. Akaufungua mdomo wake aseme. Kisha akamkumbuka aliyekuwa amelala hapo kabla yake, kwamba hakusema. Akaufunga.

Sasa kwenye lile jabali la Chui aliishi Pimbi mmoja, mama mtu mzima mwenye wajukuu. Wanyama walimjua kwa woga. Hata kivuli cha jani humkimbiza. Aliposikia kwamba na mjane amechukuliwa, hakuweza kula. Akawaacha wajukuu kwenye ufa, akashuka, akaenda bwawani kwa mara yake ya kwanza, kwani mapimbi hunywa umande. Hakujua kuimba vile wanavyomwita hakimu. Alipigapiga maji kwa mkono.

Kiboko akatokeza. Alikuwa amekonda uso. Tangu siku ya mapovu hakuwa analala vizuri. "Nani wewe?"

"Mimi ni Pimbi, jirani wa Chui. Nimekuja kwa ajili ya Mama Tukutu. Na mimi nilimwona Chui akipanda na yule mtoto mdomoni. Mifupa iko mtini mpaka leo. Mvua haifiki pale kwenye pango la shina."

"Kwa nini hukusema?"

"Nilisema. Siku walipomkamata Baba Tukutu nilimfuata Afande nikamwambia."

"Akajibu nini?"

"Alisema, nenda zako bibi, sisi tayari tuna mtu."

Kiboko alisogea ukingoni. Akamuuliza taratibu, "Rudia hilo."

"Tayari tuna mtu."

Hapo ndipo lilipomwingia. Alikuwa amedhani Mbwa Mwitu wanatafuta, naye amekaa kando asiwasumbue. Kumbe kutafuta kulikwisha zamani. Alikuwa ameulinda mlango wa machinjio kwa tangazo lake mwenyewe.

Akatoka majini.

Wanyama walishtuka, maana wengi hawakuwahi kuona tumbo lake. Jua lilikuwa utosini. Hakungoja lishuke. Akaenda nyika nzima kwa miguu yake mifupi, ngozi ikimpasuka mgongoni, maji mekundu yakimtoka, na Pimbi anakimbia mbele kumwonyesha njia.

Mle shimoni Mama Tukutu alisikia ardhi inatetemeka. Alidhani ni kifo, na kwamba kumbe kifo ni kizito hivyo. Kisha akasikia sauti.

"Mtoeni."

"Mheshimiwa," Afande akasema, "ulitangaza huingilii. Bado sijamaliza upelelezi wangu."

"Nionyeshe nyayo unazozifuata."

"Nyayo zilioshwa na mvua."

"Nionyeshe aliyewaona wakitenda."

"Hayupo."

"Nionyeshe unachokitafuta humo shimoni."

"Nataka akubali kwamba walimuua mtoto wao."

"Jibu unalo tayari, sasa swali unamuuliza nani?" Kiboko akasogea, kivuli chake kikafunika shimo. "Ungekuwa unanusa nisingekuja. Ungenusa hata miaka, ningekuachia. Wewe umeacha kunusa. Mtoeni."

Walimtoa. Sikio moja lilikuwa limekatika na jicho la kushoto halioni tena. Pimbi akamletea majani yenye umande, akamkamulia mdomoni.

"Na sasa," Kiboko akamwambia Afande, "ile amri ya kukuzuia kwa Chui nimeiondoa. Ilikuwa mbaya tangu mwanzo. Watu wako waende jabalini, wakaangalie kwenye pango la shina. Lakini wakimkuta na kosa wasimguse. Waje naye bwawani mzima, akiwa na kiu mpeni maji, akiwa na la kusema mwacheni aseme. Wewe Afande huendi. Wewe unakuja na mimi."

Wakaenda. Wakaikuta mifupa midogo, na kwato nne ndogo, kama Pimbi alivyosema. Chui aliletwa ukingoni mzima. Aliongea vizuri kama kawaida yake, na safari hii aliulizwa maswali. Akakwama. Kiboko akamfukuza kwenye jamii ya wanyama, asiwe na jirani, asiwe na rafiki, na ndiyo maana hadi leo Chui hutembea peke yake. Afande na kundi lake wakanyang'anywa kazi na makazi kwa ajili ya Baba Tukutu, na ndiyo maana Mbwa Mwitu hadi leo wanahamahama, hawana kwao.

Wanyama walipoondoka, Mama Tukutu alibaki. Kiboko alikuwa amerudi majini, lakini alikuwa ametoa kichwa chote.

"Mama," akasema, "nimechelewa."

"Hukuchelewa tu," Mama Tukutu akajibu. "Chui alipokuja, ulitakiwa umwambie arudi nyumbani. Mimi nilipokuja, ulitakiwa utoke. Wewe uliingia katikati kwa ajili yake, ukakaa majini nilipokuja mimi."

"Sikujua tofauti. Wote wawili mlikuja kuniomba nizuie wapelelezi."

"Yeye alikuwa anaogopa wataona. Mimi nilikuwa naogopa hawatafuti. Ungeuliza, ungejua. Mara tatu nimekuimbia."

Kiboko akasema, "Nifanye nini?"

"Hakuna," akasema. Hakusema kwa hasira. Alisema kama mtu anayeulizwa njia ya mji uliokwisha bomolewa. Akageuka na mguu wake mbovu, akaenda.

Digidigi, kama mnavyojua, huishi wawili wawili. Yeye aliishi mmoja. Jicho lake lililokufa liliendelea kutoa machozi meusi, yakamchora chini ya jicho, na mtoto yeyote wa digidigi anayezaliwa anazaliwa na alama ile. Mkimwona nyikani, mtazameni usoni, mtaiona.

Na funzo lake, wasikilizaji, ni hili. Mpelelezi anayefuata nyayo aachwe afuate, hata zikifika mlangoni kwa mkubwa, na hakimu asimkate njiani kwa sababu tu mkubwa anaona haya. Lakini mpelelezi akishaacha nyayo akaanza kumtengeneza mkosaji kwa meno, hakimu asingoje aletewe. Aletewe nini, maiti? Atoke aende, jua likiwa kali vivyo hivyo. Na atajuaje lipi ni lipi? Aulize, asikilize pande zote mbili, na akiambiwa kuna sauti shimoni, aende akaisikie kwa masikio yake.

Mimi nimeishia hapo.

Nasi tumesikia.

Aliyesikia akamsimulie aliyesinzia. Nendeni mkapumzike.